Dhoot: Mlango na Ukoo Kusini mwa Nyanza

Katika Kijaluo kinachosemwa Magunga, mji mdogo wa eneo la Gwassi katika kaunti ya Homa Bay, neno dhoot, lililoundwa kwa dhok (mdomo) na ot (nyumba), hutaja mlango wa nyumba na papo hapo hutaja ukoo, yaani watu wanaohesabu nasaba yao kwa babu mmoja.

Chanzo cha maana hiyo ya pili kimo katika mpangilio wa boma la mitala, ambamo nyumba ya mikayi, mke wa kwanza, hutazama rangach, lango kuu la boma, huku nyachira, mke wa pili, na reru, wa tatu, wakijengewa pembeni, kila mmoja na ghala lake na mlango wake. Wana wa baba mmoja hupita lango moja lakini huzaliwa nyuma ya milango tofauti, na ardhi inapogawanywa kizazi baada ya kizazi, mlango wa mama ndio unaotenganisha tawi na tawi. Hivyo nasaba inayofuata upande wa baba hupasukia kwa akina mama, jambo ambalo wanaoieleza jamii ya Wajaluo kwa mfumo dume pekee hulipita haraka mno.

Fikra yenyewe ni kongwe. Wanuer wa Sudan Kusini, ambao lugha yao ina nasaba moja na Kijaluo, huita ukoo thok dwiel, yaani mlango wa kibanda, kama alivyoeleza mwanaanthropolojia E. E. Evans-Pritchard katika kitabu chake cha 1940. Wala si mali ya Wanailoti kama Wajaluo na Wanuer peke yao, kwani umuryango wa Kinyarwanda, lugha ya Kibantu, ni mlango na pia ni jamaa, na Waswahili wa pwani nao wametumia mlango kwa maana ya tawi la ukoo. Kwa Gwassi hili lina uzito, maana mababu wa Abasuba, jamii ya eneo hilo ambayo wengi wake husimulia asili ya ng'ambo ya Ziwa Victoria, Uganda, walisema lugha ya Kibantu kabla ya uzao wao kuhamia Kijaluo, na huenda katika neno dhoot hawakukuta wazo geni.

Mbali na neno, malango yenyewe ya zamani yamesalia katika sehemu hizo, huko Thimlich Ohinga, kaunti ya Migori, boma la mawe yaliyopangwa bila udongo wala chokaa, linalokadiriwa kujengwa katika karne ya 16 na kuingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2018. Kuta zake hufikia mita 4 na zaidi, lakini malango ni mafupi na membamba, yakiwa na mawe bapa juu yake, ili adui aingie ameinama. Jamii za Kibantu na za Kinailoti zilipokezana humo kwa karne kadhaa, zikizikarabati kuta zilezile na kuyatumia malango yaleyale.