Binti wa waliokuwa watumwa aliyefundisha watu kusema

1.
Leo siongelei chanjo wala uji wa mtoto. Leo ni historia, ila mtaona inaishia palepale kliniki.

Miaka kadhaa nyuma alikuja mama mdogo, mimba ya wiki 34. Nikamuuliza anaendeleaje. "Nzuri tu, nesi." Nikampima presha: 160 kwa 110. Nikarudia, ile ile. Nilipomdodosa taratibu ndipo akasema kichwa kinamuuma siku ya tatu sasa, na macho yanaona vimulimuli. Mbona hukusema mapema, mdogo wangu? Akainamisha kichwa: "Niliogopa nitaongea vibaya mbele za watu."

Alilazwa siku hiyohiyo, na yeye na mtoto wakapona. Lakini lile jibu halijanitoka mpaka leo. Mtu anaweza kupoteza maisha huku maneno ya kumwokoa yako mdomoni. Ndiyo maana nataka niwasimulie habari za Hallie Quinn Brown.

2.
Hallie alizaliwa Pittsburgh, Marekani, katikati ya karne ya 19, utumwa ukiwa bado halali katika majimbo ya kusini. Baba na mama yake wote walikuwa wamewahi kuwa watumwa. Walipopata uhuru hawakujifungia ndani wakashukuru Mungu basi. Nyumba yao ikawa moja ya zile zilizowaficha watumwa waliotoroka, wakielekea kaskazini mpaka Kanada. Baadaye familia nayo ikahamia Chatham, Kanada, kisha ikarudi Marekani, jimbo la Ohio. Huko Hallie akasoma Wilberforce, chuo cha watu Weusi, akahitimu 1873.

Angeweza kubaki kaskazini kwenye nafuu. Yeye akaenda kusini, Mississippi, kufundisha watoto mashambani. Utumwa ulikuwa umeisha 1865 tu, na kabla ya hapo majimbo mengi ya kusini yalikuwa na sheria za kukataza mtumwa kufundishwa kusoma. Shule aliyopewa ilikuwa kibanda cha magogo, upepo na mvua vinapita kwenye nyufa. Aliomba itengenezwe, asisikilizwe. Basi akawachukua wavulana wawili wakubwa, wakaleta mbegu za pamba, akachanganya na udongo, akaziba nyufa kwa mikono yake. Nyie mliokulia nyumba za udongo kazi hiyo mnaijua!

3.
Baadaye alikuwa kiongozi wa masomo katika Chuo cha Allen, South Carolina, akafundisha shule za Dayton, akasimamia wanafunzi wa kike kule Tuskegee mwaka 1892 hadi 1893. Kisha Wilberforce wakamwita awe profesa. Wa somo gani? La kusema. Kusimama mbele za watu na kusema ukaeleweka.

Zama zile mwanamke kupanda jukwaani kwa wengi ilikuwa aibu, na mwanamke Mweusi ndiyo kabisa. Yeye akalifanya kuwa somo. Mwaka 1880 alitoa kitabu cha vipande vya kughani, na 1910 akatoa kingine kilichounganisha usemaji na mazoezi ya mwili. Hapo mimi kama nesi nilitabasamu. Sauti ni pumzi, jamani. Ukiogopa, unapumua juujuu, kifua kinabana, sauti inakatika. Ukisimama wima na kuvuta pumzi mpaka tumboni, sauti inarudi. Hicho si kipaji, ni mwili, na mwili unafundishika.

Jambo lingine nililolipenda: kwenye kitabu kile cha kughani aliweka pia vipande vya lugha ya nyumbani, ile ya watu Weusi wa kusini, ambayo wengine waliiona ya kuchekwa. Mwanafunzi alijifunza Kiingereza cha vitabuni bila kufundishwa kuionea haya lugha ya mama yake.

4.
Sasa, msemaji ana kazi gani? Kupigiwa makofi? Hallie alipigiwa mengi. Alizunguka Marekani na Uingereza. Mwaka 1895 alihutubia London kwenye mkutano wa dunia wa wanawake waliopinga ulevi, na 1899 akarudi London kwenye kongamano la kimataifa la wanawake. Lakini kwake makofi hayakuwa mwisho wa safari. Sauti ilikuwa na deni kwa wale wasiosikilizwa.

Hili lilionekana wazi mwaka 1925, Washington. Baraza la Kimataifa la Wanawake lilikuwa na tamasha la muziki, na waimbaji Weusi walialikwa kuimba. Kumbe watazamaji Weusi walikuwa wametengewa viti vyao peke yao. Hallie, bibi mzima mwenye miaka zaidi ya 70, akasimama akapinga hadharani mbele ya wajumbe wa mataifa. Viti havikubadilishwa. Waimbaji nao wakakataa kuimba. Hakutukana mtu wala kuvunja kitu. Alisema, na watu wake wakasimama naye.

Alifariki 1949. Maktaba ya Chuo Kikuu cha Central State, kule Wilberforce, Ohio, ina jina lake.

5.
Turudi kwetu. Ukija kliniki, usingoje kuulizwa. Vuta pumzi. Anza na kinachokutisha zaidi, halafu sema kimeanza lini. "Nesi, kichwa kinaniuma sana tangu juzi." Inatosha! Sema kwa Kisukuma, kwa Kihehe, tutatafuta wa kutafsiri. Na mambo haya usiyanyamazie hata siku moja: kichwa kuuma sana, kuona vimulimuli, kuvimba uso na mikono, kutokwa damu, mtoto kupunguza kucheza tumboni. Usisubiri tarehe ya kliniki, njoo siku hiyohiyo, hata usiku. Ukiona hujasikilizwa, rudia. Ukiona bado, muite mwingine. Huko siyo kukosa adabu.

Na sisi manesi tusikie pia. Siku ile mimi niliuliza "unaendeleaje" huku nimeinamia karatasi, foleni ndefu, mlango uko wazi. Nani angefunguka hapo? Siku hizi nafunga mlango kwanza, namtazama mtu usoni, ndiyo nauliza.

Nyumbani, usiku wakati wa kula, mwache mtoto asimulie siku yake mpaka mwisho. Asikatizwe, asichekwe akikosea neno. Binti anayesikilizwa mezani leo, kesho atajua kusema "naumwa hapa".

Haya, mlale salama. Kesho tunaendelea.