Enwara Yokusheka: Historia ya Ugonjwa wa Kucheka wa Mwaka 1962 Bukoba na Muleba na Namna Ulivyogeuzwa Kichekesho

Ikisiri

Makala haya yanachunguza ugonjwa wa kucheka uliozuka mwaka 1962 katika shule ya wasichana ya Kashasha na kuenea katika shule na vijiji vya Bukoba na Muleba. Tukio hilo hutajwa sana ulimwenguni kama kioja cha kuchekesha. Kwa usomaji makini wa ripoti ya kitabibu ya Rankin na Philip (1963), ukioanishwa na historia ya elimu ya Buhaya, makala yanadai kwamba tukio hilo ni sehemu ya historia ya shule za bweni mwanzoni mwa uhuru, na kwamba ugonjwa ulisafiri kwa njia zilezile walizopita wanafunzi kurudi makwao. Aidha, inaoneshwa kuwa lugha ya wenyeji ililitaja tukio hilo kwa usahihi zaidi kuliko masimulizi yaliyolifanya burudani.

1.0 Utangulizi

Ni matukio machache ya historia ya Kagera yanayojulikana nje ya Tanzania kuliko ugonjwa wa kucheka wa mwaka 1962. Vitabu vya saikolojia, vipindi vya redio na kurasa za mambo ya ajabu huutaja kama ushahidi kwamba kicheko huambukiza. Katika masimulizi hayo, wasichana watatu walitaniana, wakaangua kicheko, na hatimaye nchi nzima ikacheka kwa miezi bila kukoma. Simulizi hilo linavutia, lakini halilingani na chanzo chake.

Chanzo kikuu ni ripoti fupi ya madaktari A. M. Rankin na P. J. Philip, iliyochapishwa mwaka 1963 katika jarida la tiba la Afrika ya Kati. Kagwa (1964) aliliweka tukio hilo katika muktadha wa milipuko ya aina hiyo Afrika Mashariki, na Hempelmann (2007) akalichambua upya kwa jicho la taaluma ya ucheshi. Kazi hizi zimejikita katika tiba na saikolojia. Makala haya yanauliza swali la kihistoria: kwa nini pale, kwa nini wakati ule, na kwa nini kumbukumbu yake imekuwa ya mzaha?

2.0 Mfuatano wa Matukio: Kutoka Kashasha hadi Kanyangereka

Kwa mujibu wa Rankin na Philip (1963), ugonjwa ulianza tarehe 30 Januari 1962 kwa wasichana watatu wa shule ya bweni ya misheni iliyoko Kashasha, eneo ambalo leo limo katika Wilaya ya Muleba lakini wakati huo lilikuwa sehemu ya Wilaya ya Bukoba. Hadi shule ilipofungwa tarehe 18 Machi, wanafunzi 95 kati ya 159 walikuwa wameugua, yaani takribani 6 katika kila 10. Wengi walikuwa na umri wa miaka 12 hadi 18. Walimu watano wa shule hiyo, Wazungu wawili na Waafrika watatu, hawakuugua hata mmoja.

Maelezo ya dalili ni muhimu. Mgonjwa alishikwa ghafla na kucheka na kulia kwa muda wa dakika chache hadi saa kadhaa, akatulia, kisha akashikwa tena. Alihangaika, na alipozuiwa aliweza kuwa mkali. Hali hiyo ilidumu kwa saa chache hadi siku 16. Hakuna kifo kilichoripotiwa, na vipimo havikuonesha maambukizi wala sumu.

Shule ilifunguliwa tena tarehe 21 Mei. Wanafunzi 57 wakaugua, nayo ikafungwa kwa mara ya pili mwishoni mwa Juni. Kufikia hapo, hata hivyo, Kashasha haikuwa tena peke yake. Siku chache baada ya wanafunzi kurudishwa nyumbani mwezi Machi, ugonjwa uliibuka Nshamba, kulikokuwa na nyumbani kwa baadhi yao. Huko, katika miezi ya Aprili na Mei, watu 217 waliugua, wengi wao wakiwa vijana wa kike na wa kiume pamoja na watoto wa shule. Mwezi Juni uliingia katika shule ya kati ya wasichana ya Ramashenye, karibu na mji wa Bukoba, na kuwapata wanafunzi 48 kati ya 154. Kutoka Ramashenye ulifika Kanyangereka, nyumbani kwa mmoja wa wasichana hao, ukaanzia kwa jamaa zake wa karibu kabla ya kuingia katika shule za wavulana za jirani.

Mfuatano huu unaonesha jambo ambalo masimulizi ya mzaha huliacha. Ugonjwa haukuenea ovyo kama moto wa nyika. Ulifuata njia maalumu: kutoka bweni hadi nyumbani, kutoka kwa binti hadi kwa ndugu zake, kisha kutoka kijijini hadi shule nyingine. Kufunga shule ilikuwa hatua ya busara kwa mamlaka iliyokabiliwa na zaidi ya nusu ya wanafunzi wagonjwa. Hata hivyo, hatua hiyohiyo iliwatawanya wagonjwa na mashahidi wao katika vijiji vyao.

3.0 Shule, Uhuru na Mzigo wa Kusoma

Kwa nini shule? Buhaya ilikuwa imeingia katika elimu ya kimisheni mapema. Mapadri Weupe walifika Kashozi mwaka 1892, na wamisionari Walutheri wa Betheli wakafuata mwaka 1910. Katika Kihaya, kitenzi okushoma kilibeba maana ya kusoma kitabu na pia ya kushika dini mpya. Kusoma kulikuwa kubadili maisha. Kahawa ililipa karo, karo ikazaa makarani, walimu na mapadri, na neno nshomile, yaani “nimesoma”, likawa fahari ya wenyewe na baadaye utani wa Watanzania wengine dhidi yao.

Kwa msichana, fahari hiyo ilikuwa na gharama yake. Nafasi katika shule za kati zilikuwa chache, na za wasichana zilikuwa chache zaidi. Aliyeipata nafasi hiyo aliishi bwenini, mbali na mama na bibi, chini ya kengele, ratiba na nidhamu ya misheni. Nyumbani alitarajiwa kuwa binti wa Kihaya anayepiga magoti kuwaamkia wakubwa. Shuleni alitarajiwa kuwa mfano wa mwanamke mpya. Matarajio haya mawili yalikutana katika mwili mmoja wenye umri wa miaka 12 au 15.

Wakati nao ulikuwa wa mpito. Tanganyika ilipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961, wiki saba tu kabla ya tukio la Kashasha. Tarehe 22 Januari 1962, siku nane kabla ya wasichana watatu wa kwanza kuugua, Julius Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu na Rashidi Kawawa akashika nafasi hiyo. Haidaiwi hapa kwamba habari za Dar es Salaam ziliwaugua wasichana wa Kashasha. Kinachodaiwa ni kwamba taifa jipya liliwatazama wasomi wachache kwa matumaini makubwa, na wasichana hao walikuwa miongoni mwa wachache hao.

Hali ambapo dalili za mwili huenea katika kundi bila vijidudu wala sumu huitwa na wanatiba histeria ya kundi. Istilahi hiyo ina manufaa, lakini inaweza kufunga mjadala mapema. Kusema kwamba ugonjwa haukuwa na kijidudu si sawa na kusema kwamba haukuwa na sababu.

4.0 Majina ya Wenyeji

Rankin na Philip (1963) walirekodi majina mawili yaliyotumiwa na wenyeji: enwara yokusheka, yaani ugonjwa wa kucheka, na akajanja, yaani wazimu. Majina haya yanastahili kusomwa kama ushahidi. Yote mawili yanaliweka tukio katika uwanja wa maradhi. Hakuna hata moja linaloliita utani, mchezo au furaha.

Lipo jambo jingine. Buhaya ilikuwa na lugha yake ya zamani ya kueleza mwili uliotawaliwa na nguvu ya nje, yaani embandwa, wenye taratibu, wataalamu na maana zao. Katika majina mawili yaliyorekodiwa, lugha hiyo haimo. Wenyeji walitambua kwamba walikuwa mbele ya jambo jipya. Ripoti inataja pia kwamba baadhi yao walidhani hewa ilikuwa imetiwa sumu na milipuko ya mabomu ya atomiki. Dhana hiyo ilikuwa na kosa la kisayansi, lakini haikuwa ya kijinga: mataifa makubwa yalikuwa yakilipua mabomu ya majaribio katika miaka hiyohiyo. Watu wa Bukoba walitafuta sababu ya ugonjwa katika dunia ya wakati wao.

5.0 Namna Tukio Lilivyogeuzwa Kichekesho

Masimulizi ya baadaye yalifanya mambo matatu. Kwanza, yaliondoa kilio na hofu, yakabakiza kicheko. Ilhali sehemu ya ripoti inayowakaribia zaidi wagonjwa inasema kwamba baadhi yao walihisi vitu vikizunguka kichwani na kuogopa kwamba kuna mtu anawakimbiza. Pili, yaliunganisha vipindi vifupi vya watu wengi kuwa kicheko kimoja kisichokoma. Tatu, yalikuza idadi: shule 14 na watu 1,000 hutajwa mara kwa mara bila kutenganishwa na hesabu za shule na vijiji vilivyochunguzwa na madaktari. Hempelmann (2007) anaonesha kwamba kicheko kilikuwa dalili mojawapo tu, na kwamba nadharia ya ucheshi haiwezi kukieleza.

Mageuzi haya yana athari. Mgonjwa anapogeuzwa kichekesho, hahitaji tena kuulizwa. Ndiyo maana tukio linalojulikana duniani kote halina jina la shahidi hata mmoja katika masimulizi yake ya kawaida. Aidha, mzaha huo hurahisisha kuwadharau wanafunzi wa leo wanaoanguka au kupiga kelele madarasani, ambao hupewa haraka jina la mapepo au la utovu wa nidhamu kabla ya kusikilizwa.

6.0 Hitimisho

Makala haya yameonesha kwamba ugonjwa wa mwaka 1962 ulianzia mahali penye shinikizo kubwa juu ya vijana wachache, na kwamba ulipita katika mtandao wa shule na ukoo. Yameonesha pia kwamba jina la Kihaya, enwara, lilitambua maumivu ambayo masimulizi ya kimataifa yaliyafuta.

Pengo kubwa linabaki katika ushahidi wa waliougua wenyewe. Msichana aliyekuwa na umri wa miaka 12 mwaka 1962 alitimiza miaka 75 mwaka 2025. Inapendekezwa kwamba utafiti wa historia simulizi ufanyike Kashasha, Nshamba, Ramashenye na Kanyangereka, kwa Kihaya na Kiswahili, kwa ridhaa ya wahusika na kwa kuficha majina yao. Muda wa kufanya kazi hiyo si mrefu, na ripoti ya madaktari pekee haiwezi kuwasemea.