Kiigaseli: chembe ya dawa iliyovikwa utando wa damu

Ukiihamisha neno kwa neno istilahi ya Kiingereza ambayo famasia ya leo huitumia kwa chembe za dawa za aina hii, utapata kitu kama "nanopatikali za kibiomimetiki za upelekaji lengwa wa dawa." Kila kipande kina nasaba yake. Nano ni mbilikimo kwa Kigiriki, na tangu 1960 ni kiambishi rasmi cha vipimo chenye maana ya sehemu moja ya bilioni. Bios ni uhai, mimesis ni kuiga. Hata hivyo, muuguzi anayetakiwa kumweleza mgonjwa kitu anachodungwa hapati msaada wowote humo. Na ubaya hauishii kwenye ugeni wa maneno. Hicho kipande cha "lengwa" kinaahidi jambo ambalo chembe hizi hazilitendi. Kwa hiyo, kabla ya kutafuta jina, tuone kwanza zinafanya nini mwilini.

Tunazungumzia vitu vyenye upana wa nanomita 10 hadi 200 hivi. Seli nyekundu ya damu ina upana wa nanomita 7,000 hadi 8,000. Mipaka hiyo imewekwa na mwili wenyewe: chembe iliyo chini ya nanomita tano au sita huchujwa na figo ikatoka na mkojo, na iliyozidi 200 hukamatwa upesi na bandama. Kati ya mipaka hiyo pana nafasi ya kufungia dawa ya saratani au ya kuua bakteria ndani ya kiini kidogo, ikawa inatoka polepole.

Lakini mwili haumpokei mgeni hivi hivi. Chembe ikishaingia kwenye damu, protini huigandama kote, na baadhi ya protini hizo kazi yake ni kumtia alama anayestahili kuliwa. Seli za kinga zilizotanda kwenye ini na bandama huisoma alama hiyo, zikaimeza chembe pamoja na dawa yake. Jibu la kwanza la wanasayansi lilikuwa kuipaka chembe polima iitwayo PEG, ambayo hushika maji na kuzizuia protini zisikae. Doxil, dawa ya saratani iliyoidhinishwa Marekani mwaka 1995, imetengenezwa kwa njia hiyo. Imewafaa wagonjwa wengi. Ila mwili nao hujifunza: wapo watu wanaotengeneza kingamwili dhidi ya PEG yenyewe, na dozi ya pili inaweza kuondolewa kwenye damu haraka kuliko ya kwanza.

Wakati huohuo, seli nyekundu ya damu huzunguka mwilini siku 120 hivi, ikipita kwenye ini na bandama mara nyingi mno, wala hailiwi mpaka izeeke. Sababu mojawapo ni protini iitwayo CD47 iliyo juu ya utando wake. Seli ya kinga ikiigusa protini hiyo, huiacha seli nyekundu iende zake. Kazi hiyo ya CD47 ilielezwa mwaka 2000. Mwaka 2011 kundi la Liangfang Zhang katika Chuo Kikuu cha California, San Diego, likachukua hatua ambayo kwangu ndiyo kiini cha istilahi yote. Halikujaribu kutengeneza kitu kinachofanana na utando wa seli. Lilichukua utando wenyewe.

Namna walivyofanya inaeleweka bila ugumu. Seli nyekundu huwekwa katika maji yenye chumvi kidogo kuliko damu. Maji huingia ndani kwa wingi, seli hupasuka, himoglobini humwagika, na kinachobaki ni ngozi tupu. Ngozi hizo husukumwa kwa nguvu kupitia chujio lenye matundu ya nanomita 100 hivi, zikawa vifuko vidogo mno. Kisha huchanganywa na viini vya PLGA, polima ileile inayotengenezewa nyuzi za kushonea vidonda ambazo huyeyuka zenyewe, na mchanganyiko hupitishwa tena kwenye chujio mpaka utando ukifunike kiini pande zote. Inapatikana chembe ya nanomita 80 hivi. Kwa ndani ni plastiki inayooza, kwa nje ni damu.

Walipowadunga panya, saa 24 baadaye asilimia 29 ya chembe hizo zilikuwa bado kwenye damu. Zile zilizopakwa PEG zilikuwa zimebaki asilimia 11. Baada ya saa 48 hesabu ilikuwa 16 kwa 2.

Sasa tuje kwenye jina. Neno linalojileta lenyewe ni "seli bandia", na ningeomba lisitumike kabisa. Katika maduka ya dawa na katika matangazo ya mamlaka zetu za afya, "dawa bandia" ni dawa ya ulaghai, ile inayoua watu kwa kutokuwa na kitu ndani yake. Mgonjwa akiambiwa anapewa dawa iliyo ndani ya seli bandia, ana haki ya kuinuka na kuondoka. "Igizi" na "maigizo" nayo hayafai, kwa kuwa kuigiza kumeshakuwa kazi ya jukwaani. Kinachobaki ni kitenzi cha msingi, kuiga, nacho ni kitenzi kizuri: mtoto huiga lafudhi ya mama yake, fundi mwanafunzi huiga mkono wa fundi mkuu, wala hakuna anayedanganya mtu.

Lugha yetu pia ina kalibu ya zamani ya kuundia majina ya vitu kutokana na kazi vinazofanya. Kipimajoto hupima joto, kipazasauti hupaza sauti, kifunguakinywa hufungua kinywa asubuhi, na mtoto wa mwisho ni kitindamimba. Hakuna aliyehitaji kozi ili kuelewa maneno hayo. Kwa kalibu hiyo, chembe inayoiga seli ni kiigaseli, na wingi wake ni viigaseli. Kundi kubwa zaidi, la vitu vyote vya ukubwa huo viwe vinaiga kitu au visiige, tuliite chembenano, kwa kuwa nano imeshaingia mashuleni pamoja na nanomita na haina haja ya kufukuzwa.

Mtu anaweza kuniuliza: kama utando ni wa seli halisi, je, huko ni kuiga au ni kuvaa? Swali ni la haki, na jibu lake linaonekana kwa kiumbe tunachokifahamu vizuri katika Ziwa Viktoria na visiwani Unguja na Pemba. Mnyoo wa kichocho aliyekomaa huishi miaka kadhaa ndani ya mishipa ya damu ya binadamu, mahali ambapo kinga ingepaswa kummaliza. Mojawapo ya njia zake ni kubeba juu ya ngozi yake molekuli za huyo anayemkalia, zikiwemo zile za kundi lake la damu. Havai ili apendeze. Anavaa ili apite kama mwenyeji. Kwa mnyoo huyo kuvaa ndiyo njia ya kuiga, na kwa kiigaseli ni vivyo hivyo. Uzuri ni kwamba mbinu iliyotutesa kwa vizazi sasa inatumiwa kumtibu mtu.

Baada ya seli nyekundu zikafuata nyingine, na hapa istilahi inaanza kuwa na matawi. Mwaka 2015 kundi hilohilo la San Diego lilivika viini vyake utando wa chembe sahani, zile zinazokimbilia mshipa uliochubuka ili kuzuia damu isimwagike. Viigaseli hivyo vilishika kwenye ukuta wa mshipa uliojeruhiwa, na pia vikashika kwenye bakteria Staphylococcus aureus sugu, kwa sababu bakteria huyo ana tabia ya kujibandika kwenye chembe sahani. Hapo walichokitumia ni udhaifu wa adui mwenyewe. Seli nyeupe nazo zimetoa utando wa kuvika chembe zinazokwenda penye uvimbe wa maradhi. Kwa hiyo "kiigaseli" peke yake hakitoshi, lazima kitaje kinachoigwa: kiigaseli cha damu nyekundu, kiigaseli cha chembe sahani, kiigaseli cha seli nyeupe.

Nimesema "vilishika". Hapo ndipo ugomvi wangu na neno "lengwa" ulipo. Mwenye kulenga huona shabaha kwanza, kisha hurusha. Picha hiyo ina historia: mwanzoni mwa karne ya 20 Paul Ehrlich wa Ujerumani aliwaza dawa iliyo kama risasi ya kichawi, inayompiga mdudu bila kumgusa mgonjwa. Ndoto ile ilimletea mafanikio makubwa katika tiba ya kaswende, na imebaki katika lugha ya famasia mpaka leo. Lakini chembenano haina macho wala usukani. Inachukuliwa na mkondo wa damu kila mahali mkondo unakokwenda, na inakaa pale inapokuta kitu cha kushikana nacho. Mwaka 2016 kundi la Warren Chan la Chuo Kikuu cha Toronto lilikusanya matokeo ya miaka kumi ya tafiti za saratani kwa wanyama, likakuta kwamba kwa wastani wa kati ni asilimia 0.7 tu ya dozi ya chembenano iliyofika kwenye uvimbe. Sehemu kubwa iliyosalia huenda kulekule kwenye ini na bandama, au hutolewa nje ya mwili.

Hiyo 0.7 si aibu ya sayansi. Dawa kidogo iliyofika mahali pake inaweza kufanya kazi kubwa. Lakini mgonjwa wa saratani aliyeambiwa kwamba dawa yake "inalenga" ataelewa kwamba viungo vyake vingine vimesalimika, na ataacha kuripoti maumivu ya ini. Kwa sababu hiyo napendekeza tuseme ufikishaji dawa penye ugonjwa. Kufikisha kunakubali kwamba njia ni ndefu na kwamba mzigo mwingine hupotea njiani.

Na kuna kiigaseli ambacho hakifikishi chochote. Mwaka 2013 maabara ya Zhang ilionyesha kwamba chembe iliyovikwa utando wa seli nyekundu, bila dawa ndani, inaweza kunasa sumu za bakteria zinazotoboa seli. Sumu inakuja kutafuta seli nyekundu, inakuta utando wake, inajichomeka hapo na kubaki hapo. Panya waliopewa sumu ya Staphylococcus aureus walisaidika kuishi. Hii ni sababu nyingine ya kutenganisha majina mawili ambayo istilahi ya awali imeyafunga pamoja: kiigaseli ni kitu, ufikishaji dawa ni kazi mojawapo ya kitu hicho.

Chembenano kwa jumla si habari ya mbali na kwetu. Chanjo za UVIKO-19 za Pfizer na Moderna, zilizotolewa Kenya miongoni mwa nchi nyingi, zilibeba maelekezo yake ya kijenetiki ndani ya chembenano za mafuta. Uganda, Malawi, Zimbabwe, Botswana na Afrika Kusini zilishiriki katika jaribio kubwa lililochapishwa mwaka 2022 kuhusu homa ya uti wa mgongo inayoletwa na fangasi Cryptococcus kwa watu wanaoishi na VVU. Dozi moja kubwa ya dawa ya amfoterisini iliyofungwa katika liposomu, pamoja na vidonge vya dawa nyingine mbili, haikuwa dhaifu kuliko sindano za kila siku kwa wiki nzima, na madhara yake yalipungua. Mwaka huohuo Shirika la Afya Duniani likaipendekeza. Liposomu ni vifuko vya tabaka mbili za mafuta, alivyovieleza Mwingereza Alec Bangham katika miaka ya 1960, na tabaka hizo mbili ndizo mpangilio wa msingi wa utando wa kila seli. Kwa upana wa neno, liposomu ni mzee wa ukoo wa viigaseli. Tofauti yake ni kwamba haina zile protini za juu zinazoifanya seli itambulike kuwa ya nyumbani.

Viigaseli vyenye utando halisi havijaingia bado kwenye kabati za hospitali. Kutengeneza utando wa kuwatosha panya wachache maabarani ni kazi moja. Kupata utando wa kutosha, safi, wenye ubora uleule kila mara kwa maelfu ya watu ni kazi nyingine. Halafu kuna suala la kundi la damu, kwa maana utando hubeba alama za aliyetoa damu. Siku jaribio la aina hiyo litakapokuja Mwanza au Mombasa, fomu ya ridhaa itabidi itaje damu waziwazi, pamoja na ilikotoka. Mashahidi wa Yehova hukataa kuongezewa damu, na muumini wao akisoma "nanopatikali za kibiomimetiki" atatia saini bila kujua kwamba kuna uamuzi wa dhamiri mbele yake. Akisoma "kiigaseli cha damu nyekundu, kilichovikwa utando uliotolewa kwenye damu ya mtu mwingine", atauliza maswali yake kabla ya sindano.