Mateka wa Stanleyville

Wazee wetu wa Kabambare hawajasahau mwaka 1964. Mwezi wa Julai waasi walioitwa Simba waliingia Kasongo, kisha Kindu. Wengi wao walikuwa vijana tu. Waliamini kwamba wakinyunyiziwa dawa na kupaza sauti "Mai Mulele", risasi zitageuka maji. Mkuu wa jeshi lao, Nicolas Olenga, alikuwa mtu wa Maniema.

Tarehe 5 Agosti waliutwaa mji wa Stanleyville, ndio Kisangani ya leo. Balozi mdogo wa Marekani, Michael Hoyt, alishikwa pamoja na watumishi wake. Baadaye wakakamatwa Wabelgiji na wageni wengine: wafanya biashara, mapadre, masista, hata watoto. Waasi waliwafanya ngao, ili majeshi ya serikali yasisogee.

Kwanza walijaribu maneno. Huko Nairobi, mbele ya Mzee Kenyatta, mjumbe wa waasi Thomas Kanza alionana na balozi wa Marekani. Hawakupatana.

Alfajiri ya tarehe 24 Novemba ndege za Marekani ziliwashusha askari wa miavuli wa Ubelgiji wapatao 320, chini ya Kanali Charles Laurent. Simba waliposikia ngurumo waliwatoa mateka katika hoteli Victoria, wakawaketisha barabarani, wakawapiga risasi. Daktari Paul Carlson, mmisionari Mprotestanti, aliuawa akijaribu kukwea ukuta. Muda si muda askari wakafika.

Siku zile wageni zaidi ya 1,500 waliokolewa, nasi twamshukuru Mungu. Lakini tuseme kweli yote. Tarehe 26 Novemba askari walishuka pia Paulis, yaani Isiro. Wakawachukua wageni, wakaenda zao. Wenyeji wakabaki. Tarehe 1 Desemba, mjini humo humo, Sista Anuarite, binti wa Kongo, aliuawa kwa sababu alikataa kuvunja nadhiri yake. Alimsamehe aliyempiga. Mwaka 1985 Papa Yohane Paulo wa Pili alimtangaza Mwenye Heri.

Na Wakongo maelfu walikufa, wengine mikononi mwa Simba, wengine mikononi mwa waliokuja kuwafukuza Simba. Majina ya wengi wao hayakuandikwa popote. Basi, tukiwaombea marehemu wa mwaka ule, tusichague. Mbele ya Mungu hakuna roho ya mgeni na roho ya mwenyeji. Na tuwafundishe vijana wetu: anayemshika mtu asiye na kosa ili apate haki yake, haki hiyo ameipoteza mwenyewe.