Zelewski: Ofisa aliyefukuzwa Pangani, akauawa Lugalo

ASUBUHI ya Agosti 17, 1891, karibu na Iringa, mashujaa wa Kihehe waliliangamiza jeshi la Wajerumani kwa muda wa dakika chache. Miongoni mwa waliouawa alikuwamo kamanda wa jeshi hilo, Emil von Zelewski, mtu wa ukoo wa kikabaila, aliyekuwa na umri wa miaka 37.

Zelewski alizaliwa Machi 13, 1854, huko Prussia Magharibi, eneo ambalo leo liko Poland. Kama vijana wengi wa tabaka lake, alishika njia ya jeshi. Baadaye alikuja Afrika Mashariki kuitumikia Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki, na mwaka 1888 akawa mwakilishi wake Pangani.

Mwaka huo Sultani Khalifa wa Zanzibar alikuwa ameikodisha kampuni hiyo ukanda wa pwani kwa miaka 50. Mwezi Agosti, Zelewski alimtaka liwali wa Pangani aipandishe bendera ya kampuni na kuyakubali mamlaka yake. Liwali akakataa. Zelewski akaomba msaada wa manowari ya Kijerumani, askari wakashuka pwani wakati Waislamu wakiwa katika sikukuu ya Idd el-Hajj. Inasimuliwa kuwa waliingia msikitini na mbwa wakimsaka liwali huyo, huku waumini wakiwa katika ibada. Mlingoti wa bendera ya Sultani nao ulikatwa.

Watu wa Pangani hawakulivumilia jambo hilo. Mwanzoni mwa Septemba walimzingira Zelewski na wenzake nyumbani mwao, hadi Jenerali Lloyd Mathews, kamanda wa majeshi ya Sultani, alipofika na kuwaondoa. Moto wa uasi ukasambaa pwani, Abushiri bin Salim akiwa miongoni mwa viongozi wake, na Berlin ikalazimika kumtuma Hermann von Wissmann na jeshi. Abushiri alinyongwa Pangani Desemba 1889.

Mtu aliyeuwasha moto ule hakuadhibiwa. Mwaka 1891, koloni lilipoundiwa jeshi rasmi, Zelewski alikabidhiwa ukamanda wake. Wenyeji walimwita Nyundo.

Katikati ya mwaka huo aliongoza msafara kutoka Kilwa kwenda kumtiisha Mtwa Mkwawa wa Uhehe, ambaye nguvu zake zilitishia njia za misafara ya biashara. Alikuwa na Wazungu 13, askari wapatao 320, wengi wao Wasudani na watu kutoka Msumbiji, pamoja na wapagazi, mizinga na bombomu. Njiani alichoma makazi ya Wahehe. Aliwaona ni watu wa mikuki na ngao tu, wasioweza kusimama mbele ya risasi.

Pale Lugalo msafara ulitembea kwa mstari mmoja mrefu katika njia nyembamba yenye vichaka na mawe. Zelewski alikuwa mbele, amepanda punda. Bunduki za askari hazikuwa na risasi ndani, na silaha nzito zilikuwa zimefungwa juu ya punda. Mlio wa bunduki uliposikika, Wahehe walioelezwa kufikia 3,000 walichomoka vichakani. Punda walishtuka, wakakimbilia kati ya askari na kuvuruga safu. Zelewski alichomwa mkuki na kufa papo hapo.

Wazungu 10 na askari wapatao 250 waliuawa, mbali na wapagazi. Wahehe walitwaa bunduki zipatazo 300 na silaha nzito, ingawa nao walipoteza watu wengi. Wajerumani walihitaji miaka mitatu kurudi kwa nguvu na kuiteka ngome ya Kalenga, Oktoba 1894. Mkwawa aliendelea kupigana porini hadi alipojiua kwa risasi Julai 1898 ili asikamatwe.

Zelewski hakukosa silaha wala uzoefu. Kilichomwangusha ni dharau. Pangani ilimwonyesha kwamba watu wa nchi hii wana heshima yao na wako tayari kuilinda, naye akaja Uhehe na fikra zilezile. Wakubwa wake wanabeba sehemu ya lawama, kwa kuwa walimpandisha cheo mtu aliyestahili kuwajibishwa, na mamia ya askari na wapagazi wa Kiafrika wakalipa kwa roho zao.

Leo mnara wa kumbukumbu ya Wajerumani waliokufa umesimama Lugalo, na jina la Lugalo limepewa kambi kubwa ya jeshi jijini Dar es Salaam. Wazazi na walimu wawaeleze vijana chanzo cha jina hilo.