Mkataba wa sherehe, toka enzi za Bagika na Bagalu

Wadau, mavuno yakiisha hapa Didia harusi zinaanza, na maswali ya mkataba na mwandaaji wa sherehe naletewa mimi (kisa mwandishi wa habari, eti najua sheria!). Wasukuma hatukuanza jana. Tangu karne ya 19 Bagika wa Ngika na Bagalu wa Gumha walishindana ngoma baada ya mavuno, na masharti yalijulikana: wanacheza wakati mmoja, anayevuta watu wengi ndiye mshindi. Shahidi ni umati wenyewe.

Waingereza wakatuletea Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872. Tanganyika ikatunga yake 1961, ndiyo tunayotumia mpaka leo. Humo hata makubaliano ya mdomo ni mkataba. Kazi ni ushahidi: ng'ombe kauzwa, advansi imelipwa, turubai halijafika, hakimu utamwonyesha nini? Andikeni tarehe, bei na awamu za malipo, mafuta ya jenereta ni ya nani, msiba ukitokea inarudi shilingi ngapi. Fidia nayo itajeni, ingawa kifungu cha 74 kinamruhusu hakimu kuipunguza.