Kunakili hazina ya Git

Kunakili hazina ya Git ni kitendo cha kutengeneza nakala ya hazina ya msimbo kutoka mahali pamoja, kwa kawaida kwenye seva, hadi mahali pengine, kwa kawaida kwenye kompyuta ya mtengeneza programu. Hufanywa kwa amri `git clone`. Hazina ya msimbo ni folda yenye faili za programu pamoja na kumbukumbu ya mabadiliko yaliyofanywa juu ya faili hizo: nani alibadilisha nini, lini, na kwa maelezo gani. Git ni mfumo wa kudhibiti matoleo unaotunza kumbukumbu hiyo.

Kunakili kwa njia hii ni tofauti na kupakua faili. Anayepakua faili ya ZIP ya mradi kutoka tovuti kama GitHub hupata faili zilivyo leo tu. Anayenakili hazina hupata pia zilivyokuwa jana, mwaka jana na siku mradi ulipoanza. Faida kubwa ya nakala ya Git inatokana na sifa hiyo, na matatizo yake mengi vilevile.

Historia

Katika mifumo ya awali kama CVS na Subversion, historia yote ilikaa kwenye seva moja. Mtumiaji alichukua faili za kufanyia kazi tu, na seva ikizimika hakuweza kutazama mabadiliko ya zamani wala kuhifadhi mapya.

Git iliandikwa na Linus Torvalds mwezi Aprili 2005, baada ya watengenezaji wa kerneli ya Linux kupoteza ruhusa ya kutumia bure mfumo wa BitKeeper. Tangu Julai mwaka huohuo inasimamiwa na Junio Hamano. Ndani yake kila nakala ni hazina kamili, na seva haina cheo cha pekee ila kile ambacho watu wamekubaliana kuipa. GitHub, iliyofunguliwa mwaka 2008 na kununuliwa na Microsoft mwaka 2018, ndiyo seva inayotumiwa zaidi kwa kazi hiyo. Nyingine ni GitLab, Bitbucket na Codeberg.

Uzito wa mpango huu ulionekana Agosti 2011, ilipogunduliwa kwamba wavamizi walikuwa wameingia katika seva za kernel.org zinazotunza msimbo wa Linux. Katika Git, kila komiti, yaani kila rekodi ya mabadiliko, ina namba inayokokotolewa kutokana na yaliyomo pamoja na historia yote iliyoitangulia. Mvamizi akibadilisha hata herufi moja ya zamani, namba zote zinazofuata hubadilika, na maelfu ya watu wenye nakala zao wangeona tofauti mara moja.

Kinachotokea wakati wa kunakili

Amri ya msingi ni `git clone` ikifuatwa na anwani ya hazina, kwa mfano `git clone https://example.org/mradi.git`. Git huunda folda iitwayo `mradi`, na ndani yake folda iliyofichwa ya `.git`, ambamo historia yote hupakuliwa ikiwa imebanwa. Kisha huipa seva ya asili jina la `origin` na kufungua faili za tawi kuu ili zianze kutumika.

Wanaoanza hushtuka wakiona tawi moja tu baada ya kunakili. Matawi mengine yamekuja pia, lakini yanatunzwa kwa majina kama `origin/majaribio`. Amri `git branch -a` huyaonyesha yote, na `git switch majaribio` hulifungua lile linalotakiwa.

Yapo pia yasiyonakiliwa. Faili ambazo mwenzako hajazihifadhi kwenye komiti hazitakuja, wala mipangilio yake binafsi ya Git. Mijadala, taarifa za hitilafu na maombi ya mabadiliko yanayoonekana kwenye tovuti ya GitHub au GitLab hukaa katika hifadhidata ya tovuti hiyo, si ndani ya hazina. Akaunti ikifungwa, msimbo utabaki kwenye kompyuta ya aliyenakili, mijadala haitabaki.

Matatizo ya kawaida

Kukataliwa na seva

Hazina hufikiwa hasa kwa itifaki mbili, HTTPS na SSH, na kila moja ina namna yake ya kukataa. Kwa upande wa HTTPS, GitHub iliacha kupokea nywila ya akaunti kwa shughuli za Git tarehe 13 Agosti 2021. Mafunzo ya kabla ya hapo bado yanasambaa, na anayeyafuata huandika nywila sahihi akakataliwa. Kinachohitajika sasa ni tokeni, yaani mfuatano wa herufi unaotengenezwa katika mipangilio ya akaunti na kuandikwa mahali pa nywila.

Kwa SSH, ujumbe wa "Permission denied" kwa kawaida huonyesha kwamba ufunguo wa umma wa kompyuta haujasajiliwa kwenye akaunti, au kwamba kompyuta inatuma ufunguo mwingine. Amri `ssh -T git@github.com` hujibu kwa kutaja jina la akaunti inayotambuliwa. Kama hakuna jibu kabisa, huenda mtandao wa ofisi au chuo umefunga mlango namba 22. GitHub hupokea SSH pia kupitia `ssh.github.com` kwenye mlango namba 443.

Ujumbe wa "Repository not found" huwapotosha wengi. Hazina inaweza kuwapo, ila ni ya faragha na akaunti inayotumika haina ruhusa. Seva huficha kuwapo kwake kwa makusudi. Katika kompyuta inayotumiwa na watu wawili, sababu mara nyingi ni tokeni ya mwenzako iliyohifadhiwa na mfumo na kutumwa kimyakimya.

Onyo la kwamba utambulisho wa seva umebadilika lisipuuzwe. Linaweza kuwa dalili ya mtu aliyejiingiza katikati ya mawasiliano. Hata hivyo tarehe 24 Machi 2023 watumiaji wengi wa GitHub waliliona kwa sababu halali: kampuni ilibadilisha ufunguo wake wa RSA baada ya sehemu yake ya siri kuonekana kwa muda mfupi katika hazina ya wazi. Namna ya kutofautisha ni kulinganisha alama ya ufunguo mpya na ile iliyochapishwa na mwenye seva. Vivyo hivyo kwa kosa la cheti cha HTTPS: kwanza itazamwe saa ya kompyuta, maana saa iliyorudi nyuma miaka kadhaa hufanya cheti kizuri kionekane hakijaanza kutumika. Ushauri wa kuzima ukaguzi kwa `http.sslVerify` ni mbaya, kwa kuwa unaondoa kinga bila kutibu chanzo.

Mtandao unaokatika

Hili ndilo tatizo linalogharimu zaidi pale ambapo data hununuliwa kwa vifurushi. Git haiwezi kuendeleza unakili uliokatika. Mtandao ukipotea upakuaji ukiwa asilimia 87, folda iliyoanza kuundwa hufutwa na kazi huanza upya, na data iliyokwisha kutumika hairudi. Dalili yake ni ujumbe wenye maneno "early EOF" au "RPC failed".

Tiba inayotajwa mno mtandaoni ni kuongeza thamani ya `http.postBuffer`. Mpangilio huo unahusu data inayotumwa kwenda kwenye seva, si ile inayopokelewa, kwa hiyo haumsaidii anayenakili. Kinachosaidia ni kugawa mzigo. Amri `git clone --depth 1` ikifuatwa na anwani huleta komiti ya mwisho tu. Nakala hiyo fupi ikishapatikana, historia huongezwa kidogo kidogo kwa `git fetch --deepen=200`, na kila sehemu iliyofika haipotei tena. `git fetch --unshallow` humalizia iliyobaki. Ikumbukwe kwamba `--depth` huleta tawi moja peke yake. Anayetaka mengine atumie `git remote set-branches origin '*'` kisha `git fetch`.

Mradi wenye historia nzito unaweza pia kunakiliwa kwa `--filter=blob:none`. Hapo orodha ya komiti huja yote, lakini yaliyomo katika faili za zamani hupakuliwa pale tu yanapohitajika. Njia hii inafaa kwenye intaneti ya kudumu kuliko kwa mtu atakayefanya kazi bila mtandao, kwa sababu kufungua toleo la zamani kutahitaji seva.

Ipo pia njia isiyotumia intaneti kabisa. Mtu mmoja mwenye nakala huandika `git bundle create mradi.bundle --all` na kupata faili moja yenye historia yote. Faili hiyo hubebwa kwa flashi, na darasa zima au ofisi nzima hunakili kwa `git clone mradi.bundle`. Baada ya hapo kila mmoja huielekeza `origin` kwenye seva kwa `git remote set-url`, na kutoka hapo hupakua mabadiliko mapya tu.

Nakala iliyofika ikiwa na mapengo

Folda tupu ndani ya mradi mara nyingi ni hazina ndogo iliyounganishwa na hazina kubwa. Git huinakili tu ikiambiwa, kwa kuongeza `--recurse-submodules` kwenye amri, au baadaye kwa `git submodule update --init --recursive`. Picha au video isiyofunguka, ambayo ndani yake kuna mistari michache ya maandishi, ni dalili ya Git LFS: faili halisi zimehifadhiwa kando, nazo huja kwa `git lfs pull` baada ya programu hiyo kusakinishwa.

Kwenye Windows na macOS, faili mbili zinazotofautiana kwa herufi kubwa na ndogo tu, kama `Data.txt` na `data.txt`, hugongana, na moja pekee huonekana. Windows pia hukataa njia za faili zinazozidi herufi 260 hivi. `Git config --global core.longpaths true` huondoa kizuizi hicho upande wa Git. Hazina iliyobebwa kwa flashi, au iliyonakiliwa kwa mamlaka ya msimamizi wa kompyuta, inaweza kutoa onyo la "dubious ownership" lililoanzishwa mwaka 2022. Maana yake ni kwamba mmiliki wa folda si mtumiaji aliyeingia.

Usalama

Nywila iliyowahi kuhifadhiwa katika komiti moja, kisha ikafutwa katika komiti iliyofuata, bado imo katika nakala ya kila mtu. Kufuta historia kwenye seva hakuzifikii nakala zilizokwisha kuchukuliwa, hivyo la kwanza ni kubadilisha nywila yenyewe.

Anayenakili naye yumo hatarini. Mei 2024 lilirekebishwa kosa lililopewa namba CVE-2024-32002, ambalo kwalo hazina iliyotengenezwa kwa hila iliweza kuendesha msimbo kwenye Windows na macOS wakati wa kunakili pamoja na hazina zake ndogo. Marekebisho yalitolewa katika toleo 2.45.1 na katika matoleo ya nyuma yaliyokuwa bado yanahudumiwa.

Nakala kama akiba

Kwa akiba hutumika `git clone --mirror`, ambayo hunakili matawi na lebo zote bila kufungua faili za kufanyia kazi, na huburudishwa kwa `git remote update`. Lakini nakala inayofuata seva kwa kila jambo hufuata pia maafa yake. Machi 2013, mfumo wa faili wa seva kuu ya mradi wa programu huria wa KDE uliharibika, na seva zilizopangwa kuiga seva hiyo zikaiga uharibifu. Hazina takriban 1,500 zilikaribia kupotea. Ziliokolewa na nakala iliyokuwa imebaki salama kwenye seva nyingine ya mradi.

Kwa hiyo uzima wa nakala hukaguliwa kwa `git fsck`, na faili za bundle zenye tarehe hutunzwa mahali ambapo seva haiwezi kuzibadilisha. Kunakili kutoka folda moja hadi nyingine kwenye diski ileile hakuhesabiki kuwa akiba: Git huunganisha faili zilezile badala ya kuziandika upya, na diski ikifa nakala zote mbili hufa nayo.